Kikapu cha Mama Kilichokataa Kuoza

Mama alipokufa aliacha kikapu kimoja cha kuchumia chai, cha mianzi, mkanda wake umekuwa mweusi kwa jasho la miaka mingi. Baada ya mazishi kaka yangu, anayelima viazi kule Londiani, alikiomba. Nikamwambia akatafute kingine sokoni. Yeye alikuwa mboni ya jicho la mama, mimi nilikuwa mikono yake, na mikono ilikuwa imechoka. Tangu hapo hatukuongea tena. Kikapu nikakifungia stoo, nyuma ya magunia ya mahindi, na ole wake ambaye angekigusa. Mimi mwenyewe sikukitazama. Ilinitosha kujua kiko.

Binti yangu wa miaka tisa haogopi ole ya mtu. Huyo ni mtoto wa maswali. Ukimpa chai anauliza maziwa ni ya ng'ombe gani. Mwaka huo wa mazishi tulipogoa chai yetu, hapa juu ya Mogogosiek, tukaikata mpaka vikabaki visiki vifupi. Alishangaa nilipomfukuza jirani aliyekuja kuokota matawi ya kuni. Nikamweleza kama mama alivyonieleza mimi: matawi yanalala hapo hapo kati ya mistari mpaka yaoze. Ukiyatoa, chai inachipuka na njaa.

Basi kutoka hapo akajitungia nchi. Aliiita Nchi ya Chini, nayo ilikuwa chini ya matawi yale. Watu wake walikuwa wadogo, wa rangi ya uyoga, na hawakuweka akiba ya kitu chochote. Walichokipenda zaidi ndicho walichokileta, wakakilaza kwenye majani, wakakiimbia mpaka kikaoza, halafu wakavuta ile harufu na kupata roho mpya. Sasa mimi ni mtu wa kanisa. Nikamuuliza mafundisho hayo ameyatoa wapi. "Kwa chai," akasema. Nikamtuma maji.

Siku moja, mvua imetulia, nikaingia stoo kutoa gunia, nikakuta nyuma yake hakuna kitu. Woi! Nilipiga kelele mpaka kuku wakaruka. Mtoto hakukimbia. Alinishika mkono, akanipeleka shambani, akafunua matawi. Kikapu cha mama kilikuwa pale, kimelala ubavu. Majani yote yaliyokizunguka yalikuwa yameshakuwa udongo mweusi, lakini chenyewe kilikuwa kizima.

"Kimekataa," akaniambia kwa huzuni. "Na nimemwimbia kogo nyimbo zote." Kogo ndiye nyanya kwetu.

"Kimekataa nini?" Nilikuwa bado na hasira.

"Kuoza. Huku Nchi ya Chini kitu kinachosifiwa tu hakiozi. Lazima mtu akiambie ubaya wake kwanza, ndio kiachilie. Mimi sina ubaya wa kogo." Akaniangalia. "Wewe uko nao, Mama?"

Nilitaka kumchapa, na pia nilitaka kucheka. Kwenye mazishi sote tulisema mama alikuwa malaika, na mimi nilisema kwa sauti kuliko wote. Nikatazama huku na huku nisije nikaonekana na mtu wa kanisa. Halafu nikapiga magoti kwenye tope, mtu mzima na gambuti zangu za mpira, nikaongea na kikapu.

"Mama, ulimpenda yeye kuliko mimi. Mimi nilikuosha, nikakulisha uji, nikakugeuza kitandani, na kila mlango ulipolia uliuliza kama ni yeye. Hata siku ya mwisho. Nilikuwa nimekushika mkono, ukaniuliza, amefika? Iliniuma, Mama. Inaniuma mpaka leo."

Nililia mpaka nikaona aibu mbele ya mtoto. Yeye alingoja tu, akinitoa matope kwenye sketi. Nilipomaliza nikamuuliza kama sasa tukifunike. Akafikiria, akauliza kama kogo alikuwa mama yangu peke yangu.

Nikatoa simu pale pale kabla moyo haujageuka. Kaka alipokea mara moja, kwa woga, akidhani kuna msiba mwingine. Nikamweleza yote: kikapu, matawi, sheria ya Nchi ya Chini, na maneno niliyoyasema juu yake na mama. Nilitarajia acheke, ama akasirike.

"Dada," akasema. "Usifunike bado. Mimi pia niko na langu la kumwambia. Nakuja."