Nyambizi ya Bertrams

Jumapili moja mama yangu alitangaza, kwa simu kutoka Morogoro, kwamba amechoka kuongea na ukuta. Ukuta wenyewe alikuwa binti yangu wa miaka kumi na miwili. Kila Jumapili baada ya chakula cha mchana nilikuwa nikimpa simu, anasema "Shikamoo Bibi," anaitikiwa, anaulizwa habari za shule, anasema "Nzuri," kisha ananirudishia simu haraka kama vile inamuunguza. Mama alivumilia miaka. Siku hiyo uvumilivu ukamwisha. Alisema nisimpe tena huyo bubu wangu, maana majirani wakimkuta anaongea peke yake watasema amerukwa na akili.

Simu ilikuwa kwenye spika, kwa sababu mikono yangu ilikuwa na kazi. Binti yangu alikuwa pale pale sakafuni, anakata maboksi. Sikujali. Maneno yalikuwa ya Kiswahili, na Kiswahili nyumbani kwangu kilikuwa lugha ya watu wazima.

Niseme mapema ilikuwaje. Baba yangu alikuwa mtu wa Johannesburg aliyekimbilia Tanzania wakati wa makaburu, akamwoa mama yangu Morogoro, na mambo yalipobadilika akatuleta huku nikiwa na miaka tisa. Baba alipofariki mama akarudi kwao, akidai baridi ya huku haina adabu, inaingia magotini bila hodi. Mimi nikabaki Bertrams, mtaa ulio ubavuni mwa uwanja mkubwa wa mpira, nashona sare za shule sebuleni. Nikaolewa na Mzulu anayeendesha lori la Durban. Mtoto akaongea Kizulu na baba yake, Kiingereza na dunia nzima, na Kiswahili hakuongea na mtu.

Lawama nilimbebesha yeye. Nikamwita mvivu, nikamwita mzungu, nikamwambia bibi yake atakufa hawajaongea. Mimi nikikasirika huwa sichagui maneno, na mashine ya kushonea ikiwa inakwenda ninapaza sauti zaidi.

Sasa mtoto huyu asiyejua kumjibu bibi yake alikuwa anajua kila kitu kuhusu nyambizi za nyuklia. Baba yake ndiye aliyemwambukiza. Alimnunulia kitabu kando ya barabara Durban, kimechanika jalada, na tangu siku hiyo tukawa hatuna amani. Bahari iko mbali nasi, mwendo wa siku nzima kwa lori. Hata mto wetu unaanzia chini ya barabara, umefunikwa kwa zege, na unapotokeza juu unatamani ungebaki kule kule. Lakini shule iliwaambia watoto wachague mada ya kueleza mbele ya darasa, na wa kwangu akachagua nyambizi.

Akawa ananifanyia mazoezi mimi, kwa Kiingereza, huku napiga pasi mishono. Nikajifunza mambo ambayo fundi wa sare hana haja nayo. Kwamba zamani nyambizi ilikuwa mashua tu inayojua kupiga mbizi: injini ya dizeli inataka hewa, kwa hiyo ilizama kidogo, betri ikachoka, ikapanda juu kuvuta pumzi, na hapo ndipo adui alipoikamata. Kisha, miaka ya hamsini, Wamarekani wakaweka kinu cha nyuklia ndani ya nyambizi, na kinu hakiombi hewa. Ikawa inaweza kukaa chini miezi. Ikapita hadi chini ya barafu ya ncha ya kaskazini, juu yake dunia nzima haina habari. Warusi wakatengeneza zao, Waingereza, Wafaransa, Wachina, na Wahindi wakafuata baadaye. Meli kubwa za kubebea ndege nazo zikawekewa vinu, zikawa zinazunguka dunia bila kusimama kutia mafuta. Wengine wakaogopa, wakasema chombo cha namna hiyo kisitie nanga bandarini kwao.

Aliponiambia kinu cha siku hizi kinaweza kukaa zaidi ya miaka ishirini bila kuongezwa kitu, jirani yangu aliacha kusuka. Yeye ni Mkongo wa Bukavu, anasukia nywele kwenye baraza langu kila Jumamosi kwa sababu baraza lake halina kivuli. Wiki hiyo umeme ulikuwa umetukatikia siku tatu mfululizo. Akataka kujua kama nyambizi moja ingeweza kuletwa Bertrams, izikwe hapo kwenye kiwanja kitupu, tuvute waya. Mteja wake akasema hata hiyo wezi wangeiba nyaya zake.

Lakini lililonishangaza lilikuwa jingine. Nilimuuliza binti yangu hizo nyambizi zimepiga vita gani. Akasema chache sana, na hiyo ndiyo kazi yake. Aliniambia kuhusu vita moja ya kusini ya Atlantiki, ambapo nyambizi moja ya nyuklia ilizamisha meli moja, na wanamaji wengine wote wa upande ule wakarudi bandarini wasitoke tena, kwa kuwa hawakujua yule mwindaji yuko wapi. Na zile zenye makombora zinajificha tu. Ukiipiga nchi yake ukaimaliza yote, bado kuna chombo kimoja mahali fulani chini ya maji kitakachokujibu. Kwa hiyo hupigi. Nikasema ni ujinga wa kutisha. Baba yangu alikuwa akijivuna kwamba nchi hii ilitengeneza mabomu yake ya nyuklia ikayavunja yenyewe, nikajivuna na mimi kidogo, nikaendelea na pasi.

Turudi kwenye simu ya mama. Iliniuma. Usiku sikulala vizuri, na Jumamosi iliyofuata nilimweleza jirani yangu yote, pale barazani, binti yangu akiwa miguuni petu anapaka rangi nyeusi nyambizi yake ya maboksi. Tulisema kwa Kiswahili. Wageni wengi wa mtaa wetu ndivyo tunavyofanya. Mtoto akiingia tunahamia Kiswahili, kama mtu anavyovuta pazia. Habari mbaya, umbea, madeni ya watu, ugomvi na wakwe, vyote tumevisema hivyo mbele ya watoto miaka yote. Kisha tunashangaa kwa nini watoto hawakipendi.

Jirani akatoa shauri bila kuinua macho kwenye nywele.

"Umutume kule Morogoro mwaka moja tu. Atarudia anasema Kiswahili sawa radio."

Nikaona ni dawa. Tukapanga pale pale: likizo ya Desemba nitamwambia tunakwenda kutembea tu, nitamwacha kwa bibi yake, mwezi wa kwanza nitaingia basi peke yangu. Nilihofia atalia, jirani akaniambia watoto hulia na kunyamaza. Binti yangu aliniomba nimpitishie gundi, kwa Kiingereza, nikampa.

Jumapili nikampigia mama kumweleza mpango. Simu nikaiweka spika juu ya mashine, na kabla sijamaliza salamu mkono mdogo wenye rangi nyeusi ukaichukua.

"Bibi, usikate. Niko na maneno."

"Nani huyo?" mama akauliza.

"Ni mimi. Bubu."

Nilisimama na kipande cha kola mkononi. Kule Morogoro akawika jogoo wa mama.

Akaanza kumweleza bibi yake nyambizi. Kiswahili chake kilikuwa kinachechemea, kina vipande vya Kizulu na vya Bukavu, lakini kilikwenda. Alisema inakaa chini ya maji miezi, inasikia kila kitu, meli, nyangumi, nyambizi nyingine. Alisema watu wa nyumbani wanaweza kutuma ujumbe mfupi, mabaharia wanasoma, lakini hawajibu. Wakijibu, watajulikana walipo.

"Watajulikana na nani?" mama akauliza.

"Na adui."

"Na wewe adui yako nani, mke mwenzangu?"

Mama humwita hivyo, kama bibi wengi wa kwetu wanavyowatania wajukuu wa kike. Binti yangu aliinama akawa anakwangua rangi kwenye kucha.

"Si adui. Ni Mama. Nikisema, Mama anacheka."

Nilitaka kukataa. Kisha nikakumbuka. Alikuwa na miaka mitano, tulikuwa na wageni kutoka Fordsburg, akasimama katikati ya sebule akawakaribisha kwa Kiswahili, sentensi nzima ndefu, karibu yote kichwa chini miguu juu. Tulicheka mpaka machozi. Hilo lingepita. Lakini mimi nilimwigiza mwezi mzima, kwa kila mteja aliyeingia kupima sare, na mimi najua kuigiza. Alikuwa hapo kila mara. Sikumbuki kama alisema tena sentensi ya Kiswahili baada ya hapo, na niliona aibu kwamba sikumbuki.

Aibu ya pili ikaifuata ya kwanza mbio. Kama alikuwa anasikia, basi alisikia yote. Alisikia nilichosema juu ya mama mkwe wangu wa Soweto na sufuria yangu aliyoondoka nayo. Alisikia bei halisi ya mapazia, ambayo baba yake haijui. Alisikia ninavyowaambia watu umri wangu na ninavyomwambia jirani umri wangu. Miaka saba mtoto huyu alikaa miguuni petu amejaza makombora, na hakurusha hata moja. Ghafla nikajiona nina adabu sana mbele yake.

"Enhe," mama akasema, na sauti yake ilikuwa imeshuka. "Na hiyo nyambizi yako, kitu gani kinaipandisha juu? Mafuta yakiisha?"

"Mafuta haiishi, Bibi. Hewa inatengeneza. Maji ya kunywa inatengeneza. Chakula tu. Chakula ikiisha, lazima ipande."

"Basi wewe umepanda kwa nini leo?"

Nilijua jibu. Atamwambia tumepanga kumtupa Morogoro mwaka mzima, na mimi nitageuzwa nyama ya sikukuu na mama yangu mwenyewe. Hilo alilisema, lakini baadaye, na akataka Desemba tu, si mwaka, wakakubaliana wao wawili kama wafanyabiashara. Kwanza alisema jingine.

"Wewe ulisema Mama asikupe mimi tena. Kila Jumapili mimi nilikuwa nasikia wewe. Habari ya kuku, ya yule jirani, yote. Sasa ukasema basi." Akavuta kamasi. "Chakula imeisha."

Mama yangu si mtu wa kulia. Nilimsikia anakohoa, anasema jogoo huyu ana kelele, anakohoa tena. Mimi nililia waziwazi juu ya kola ya mtoto wa watu.

"Mwanangu," mama akaniita mimi. "Upo hapo?"

"Nipo, mama."

"Sasa zama wewe."

Nikazama. Niliketi kwenye mashine bila kuiwasha, nikachukua sare nikaanza kufumua mshono kwa mkono, kazi isiyo na sauti. Binti yangu akaendelea kumweleza bibi yake jinsi maji yanavyochemka kwa joto la kinu na mvuke unavyozungusha mitambo, na mama akauliza wanalala wapi, wanafua saa ngapi, na kama nahodha anaruhusiwa kuoa. Kila binti yangu alipokosea neno alisimama, akanitazama usoni. Nilikuwa nimeuma uzi, nimeinamisha kichwa kwenye mshono. Akakosea mara ya pili, akanitazama. Mara ya tatu akanitazama, lakini kidogo. Mara ya nne alikosea vibaya kuliko zote, na hakunitazama tena.