Sakafu Juu ya Shitingi

Mume wangu alikuwa fundi mwashi, na kama mafundi wote ninaowajua, nyumba yake mwenyewe ndiyo aliyoikumbuka mwisho. Miaka mingi tuliishi mjini Baraka juu ya sakafu ya saruji yenye ufa kutoka mlangoni hadi dirishani. Huku kwetu kando ya ziwa ardhi hutikisika mara kwa mara, kidogo tu, vikombe vinalia kabatini kisha basi. Aliziba ufa, ufa ukarudi. Nilichoka kufagia mende humo.

Tuliporudi kutoka Kigoma, tulikokimbilia vita, mfanyabiashara mmoja aliyekuwa akihama alimlipa kazi yake kwa vigae. Vilikuwa vyeupe, vya kung'aa, nilivyokuwa nimeviona kwa mapadri tu. Nilifurahi hata nikaona haya. Kisha nikamwona mume wangu anatandaza shitingi juu ya saruji, lile turubai la plastiki tulilolalia ukimbizini.

"Hiyo nilitaka kufunika jiko," nikamwambia.

"Wacha kwanza, mama ya batoto. Makaro ikishikana na sima, sima ikipasuka nayo inapasuka. Tukitia kitu katikati, sima itatembea yenyewe huko chini, makaro itabakia muzima."

Kwa mafundi wa kwetu makaro ni vigae, na sima ni saruji. Nilimwambia sijawahi kuona sakafu inayovalishwa nguo ya ndani. Alicheka, akamwaga mchanga wake wenye saruji kiduchu, maana saruji ilikuwa adimu, akapanga vigae juu. Ardhi ilitikisika tena muda si mrefu, na hakuna kigae kilichopata hata mstari. Alitembea nyumbani kifua mbele, na mimi nikaacha utani wangu. Kasoro ilikuwa moja: ukikanyaga kwa kisigino, sakafu nzima ililia kama debe tupu. Alisema ndivyo inavyokuwa, kwa kuwa haijashikana na chini.

Hapo ndipo tulipokosa akili, wote wawili. Wakati ule kila aliyekimbia Baraka alikuwa amezika kitu ndani ya nyumba: cherehani, masufuria, nguo za harusi. Wenye bunduki walishajua. Wakiingia kwako hawakuhangaika na kabati. Waligonga sakafu kwa kitako cha bunduki, wakasikiliza.

Walikuja alasiri, wanne. Watoto walikuwa shambani na dada yangu, nashukuru. Mimi nilikuwa mlangoni natwanga sombe, majani ya muhogo, na mume wangu alikuwa ndani. Nje waliwaacha wanaume wawili wa mtaa wetu na mizigo kichwani, na wale wanaume hawakunitazama. Nilielewa. Waliobebeshwa mizigo kwenda milimani, wachache walirudi.

Mkubwa wao aligonga kigae cha kwanza, akainua kichwa. Akagonga katikati, akagonga pembeni. Kote kulilia tupu.

"Chini kuko nini?"

"Hakuna kitu, shefu," mume wangu akasema. "Iko shitingi tu."

"Shitingi ya kufanya nini? Inalala?" Wenzake wakacheka. Yeye hakucheka. "Umeficha bunduki. Fungua. Tukipata hata risasi moja, utaingia mu hiyo shimo wewe."

Mume wangu alipiga magoti na patasi. Akaichomeka pembeni mwa kigae cha kwanza. Kigae kikatoka. Kikatoka kizima, laini, maana hakikuwa kimeshika chochote. Kikafuata cha pili, cha tatu. Akafunua shitingi, akawaonyesha saruji kavu na ufa wetu wa zamani. Mkubwa akagonga hapo, hapakulia. Nikapumua.

Nilipumua mapema. Yule mtu aliokota kigae, akakifuta kwa mkono wa shati, akakigeuza.

"Inatokaka muzima," akasema polepole. "Toa yote. We ni fundi, ao? Utabeba, utaenda kutupangia huko juu."

Mume wangu alinitazama. Sikumwona tena yeye. Niliona mgongo wake unapanda mlima. Hofu yangu ikageuka hasira, na hasira yangu watu wa mtaa wanaijua. Nilishika mchi kwa mikono miwili nikaingia.

"Munasema tumeficha? Muone basi! Muone yote!"

Nikatwanga. Nilianza na vile vilivyong'olewa, nikaendelea na sakafu, na sakafu iliyo juu ya shitingi haistahimili mchi. Vipande vikaruka hadi ukutani. Walidhani nawasaidia kutafuta; walipogundua, nilikuwa nimefika dirishani. Kisha kitako cha bunduki kikanipata begani, nikaanguka juu ya vigae vyangu.

"Bibi yako iko na wazimu," mkubwa akamwambia mume wangu. Akatazama sakafu, hapakuwa na cha kubeba wala kazi ya fundi. Walichukua redio na mbuzi, mbuzi anatembea mwenyewe, wakaenda.

Mume wangu alikaa chini akakusanya vipande. "Umeiua kazi yangu," alisema, akanipa mgongo. Bega langu lilivimba, naye alinipaka dawa akitazama pembeni. Nilimwacha anune. Alikuwa ananuna nyumbani.

Wake za wale wanaume wawili waliobebeshwa mizigo walianza kuja kila asubuhi kutuuliza tuliona wamepelekwa njia gani. Mume wangu ndiye aliyewafungulia. Walipoondoka mara ya tatu, alifunga mlango, akanishika mkono, akalia.