Sungura wa Macho Mawili

Leo mtoto amemtazama sungura niliyemfuma kwa wiki tatu, akasema, "Huyu simjui."

Wenzangu wa bweni la walimu, ndivyo ilivyokuwa.

Ni yule sungura wa katuni gazetini.
Raheli, binti wa kaka yangu, humngoja kila gazeti linapofika misheni.
Leo kaka alikuwa anahamia naye Rhodesia ya Kaskazini, kwenye kazi ya migodi.
Tulisimama Tunduma, lori limeshawashwa.
Nilitaka aondoke na kitu cha mkono wangu, nacho alikuwa anakikataa.

"Si sungura wako?" nikamwuliza.
"Wangu ana jicho moja, shangazi."

Kaka akacheka. "Mwalimu mzima, umemfumia mtoto sungura mgeni."

Hapo ndipo nilipoelewa.
Mchoraji humchora akitazama upande, siku zote.
Hakuna msomaji aliyewahi kuuona uso wake wa mbele.
Huu niliutunga mwenyewe kwa sindano ya kroshia, bila hata kujua kwamba natunga.
(Sasa nikiufikiria, ulifanana nami kidogo.)

Dereva akapiga honi.

Nikamgeuza sungura ubavu.
Raheli akamchunguza, kisha akanyoosha mikono.
"Ndiye."

Lori lilipoondoka alikuwa amemshika dirishani vilevile, kiubavu.
Jicho moja lilinitazama mimi mpaka kwenye kona.
La pili lilikuwa ndani, linamtazama yeye.

Niambieni, ninyi mngemtia macho mangapi?