Daktari wa Mawe na Wale Wema

Dervla Scanlan alizaliwa nyumba ya tatu kutoka kwetu, hapa kijijini Knockaveen. Alikwenda kusoma mjini Galway akarudi na udaktari. Si wa watu, wa mawe. Miaka ishirini alipima makaburi ya kale ya kaunti yetu, yaliyojengwa kabla mtu hajakijua chuma, na kila alichogundua alikuja kutusimulia katika ukumbi wa parokia, kwa lugha ya kueleweka, na chai juu. Nilimpenda kwa hilo. Bado nampenda, ingawa nina hasira naye.

Kaburi alilolipenda kuliko yote lilikuwa kwenye malisho ya Malachy Tuohy: mawe matano yamesimama, la sita limelala juu yao. Malachy alilima kulizunguka, kama baba yake na babu yake. Hata kichaka cha miiba kilichoota ubavuni hakukikata. Mle wanakaa Wale Wema, viumbe wasioonekana wa chini ya ardhi, na jina lao jingine hatulitaji. Ukigusa nyumba yao, ng'ombe wako wanakufa.

Novemba moja, ukumbini, Malachy aliinua mkono.

"Dervla, binti yangu, hebu nambie. Wale Wema wanalala upande gani wa kaburi?"

"Mzee Malachy, mle mna mifupa ya watu kumi na mmoja, basi. Wema wako labda wamehamia Marekani, kama binamu zako wote."

Ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Mimi nilicheka mpaka chai ikanimwagikia. Malachy alivaa kofia yake akatoka, masikio mekundu.

Mwezi Machi alileta tingatinga. Dervla alipofika mbio, mawe yalikuwa vipande vipande ndani ya shimo, na kichaka kinaungua.

"Malachy! Umefanya nini? Si nilikwambia linalindwa na sheria?"

"Sheria haijawahi kuniulia ng'ombe hata mmoja. Wewe ndiye uliyesema hamna kitu mle. Au ulikuwa unanidanganya mbele za watu?"

Dervla alikaa chini kwenye matope akalia kama mfiwa. Malachy alishtakiwa, akahukumiwa, na leo pale pana nyasi nzuri sana. Ng'ombe wake wamenenepa.

Juzi nilimpeleka Dervla kwa gari kijiji cha pili, akazungumze juu ya kaburi jingine. Mwishoni mama mwenye shamba lenye kaburi hilo akauliza, huku anacheka:

"Eti daktari, Wale Wema bado wamo? Maana mume wangu anataka kupanua zizi mpaka pale kaburini."

Dervla alikunja karatasi zake polepole. Tangu utoto wetu sijawahi kumsikia akisema uongo.

"Wamo," akasema. "Mimi mwenyewe nikienda hupiga hodi kwanza."

Yule mama akaacha kucheka. Njia nzima ya kurudi, Dervla hakunitazama usoni.