Ukuta wa Samadi ya Farasi

Mimi ni mtu wa mikono. Nikiona kitu kinaharibika siwezi kukaa nikakitazama tu, na tabia hiyo ndiyo iliyoniponza. Nasema mapema ili msomaji asije akatafuta mwingine wa kumlaumu.

Mume wangu alikuwa fundi wa lipu. Burundi alijenga, kambini Kigoma alijenga, na hapa Stockholm alizeeka akinyoosha kuta za watu wenye nyumba zao kule Spånga, kuta nyeupe ambazo hazikumfurahisha hata kidogo. Jumamosi moja alirudi kutoka maktaba ya Skärholmen amekumbatia kitabu kikubwa cha picha. Kilihusu mahekalu ambayo Wabudha wa kale wa India waliyachonga ndani ya mwamba. Kilikuwa cha Kiswidi, basi mwanetu wa kiume, mtu mzima aliyezaliwa hapa hapa, akawa anatusomea na kutufasiria kwa Kiswahili chake cha kuokoteza.

Mume wangu alitaka kujua walivyofanya kazi, si walivyosali. Alisomewa mara tatu kwamba walianza kuchonga darini wakashuka hadi sakafuni, na kwamba nguzo zile hazikusimamishwa na mtu, ziliachwa tu wakati mwamba uliozizunguka ukiondolewa. Kisha mwanetu akafika kwenye michoro. Kabla ya kupaka rangi, mafundi wale walikandika jiwe kwa udongo uliochanganywa na samadi ya ng'ombe na pumba za mpunga, wakamalizia kwa chokaa nyembamba. Mume wangu alicheka mpaka akapaliwa. Mama yake mzazi alisiriba nyumba yao vivyo hivyo.

Hapa lazima nimtaje binti yetu wa kwanza. Alikufa kwa homa tukiwa njiani tunakimbia vita, akiwa na miaka mitatu, tukamzika mahali ambapo leo siwezi kumwonyesha mtu. Hatukuwa na picha yake hata moja. Kwa miaka mingi nilikuwa na sura yake kichwani, halafu, sijui lini, ikaniponyoka. Uzito wake mgongoni ninao hadi leo, na joto la kichwa chake shingoni mwangu, lakini uso umekwenda. Nilimwungamia mume wangu kwa aibu. Akanishika mkono.

"Usihangaike, mama watoto," alisema. "Mimi ninaye. Nitakuchorea."

Tunaishi Vårby gård, ghorofa ya tatu. Udongo aliuchimba msituni nyuma ya majengo. Ng'ombe hakupata, akaenda kuomba samadi kwenye zizi la farasi. Badala ya pumba alinunua makapi ya kutandikia sungura kwenye duka la wanyama. Nyumba ilinuka wiki mbili. Wenzetu wa maombi walipokuja waliona kile kitabu mezani, wakanusa, wakatazamana, na mmoja akaniuliza kwa upole kama tumeanza kuabudu sanamu. Nilimjibu kwa ukali kwamba tunachora mtoto wetu. Mume wangu alifunga mlango wa chumba cha kulala majira yote ya baridi, tukawa tunalala sebuleni, na mimi sikuruhusiwa hata kuchungulia.

Siku aliyonifungulia nilimkuta msichana mdogo ameinamisha macho kama wana wa wafalme waliochorwa kwenye kile kitabu, ua jekundu vidoleni. Mume wangu hakuutazama ukuta, alikuwa ananitazama mimi. Nililia. Nikasema ndiye, ndiye kabisa. Akaketi kitandani kwa uchovu, na tangu siku hiyo hakushika brashi tena.

Alifariki mwaka uliofuata. Baridi ilipoingia, mabomba ya joto yaliukausha ukuta, rangi ikaanza kudondoka unga unga. Mwanangu alinikumbusha yaliyoandikwa kitabuni: watu waliokuja baadaye kuiokoa michoro ya mapangoni waliipaka vanishi, ikang'aa, kisha vanishi ikawa ya manjano, ikajikunja na kubanduka pamoja na rangi. Alikuwa amemwandikia mtaalamu wa jumba moja la makumbusho na alikuwa anangoja jibu.

"Vänta, mamma," aliniambia. Nisubiri.

Nilimsikia na nilimwelewa. Lakini nilikokulia, ukuta ukianza kumeguka unasiribwa siku hiyo hiyo, na mwanamke anayeuacha uanguke anasemwa mtaa mzima. Kila asubuhi nilikuwa nafuta kwenye foronya unga wa shavu la binti yangu. Asubuhi ya nne nilikwenda kununua kopo la vanishi, nikapaka mwenyewe, kwa upendo, safu mbili.

Aling'aa wiki chache. Kufika mwezi wa nne ngozi ile ya vanishi ilianza kujikunja kuanzia kidevuni, ikaondoka na midomo, kisha na jicho moja. Mwanangu hakunigombeza. Alisema alishampiga picha kwa simu, kwa hiyo sura haijapotea, nami nikajishikiza kwenye neno hilo.

Ila chini ya rangi iliyobanduka hapakuwa na udongo. Palikuwa na chokaa nyingine, na juu ya chokaa hiyo palikuwa na jicho, limefunguka wazi, linatazama. Mwanangu alichukua kisu chembamba akaondoa taratibu vilivyokuwa vimelegea. Ikatokea sura ya mtoto mwembamba mwenye paji pana. Chini yake, palipomeguka zaidi, mwingine wa mashavu manene. Chini ya huyo, mwingine tena. Mwanangu akasema hata kule mapangoni walikuwa wakichora juu ya michoro ya zamani. Alitaka kunifariji.

Mimi nilikuwa nimeshaelewa. Miezi yote ile nyuma ya mlango mume wangu alikuwa anachora, anakataa, anapaka chokaa, anaanza upya. Hakuwa naye. Alimpoteza kama nilivyompoteza mimi, akanificha hilo kwa huruma, akajaribu kumtafuta kwa mkono. Labda angempata. Aliacha kutafuta kwa sababu nilisema ndiye, na nilisema hivyo kwa kumwamini yeye.

Mwanangu aliweka simu kando ya ukuta, ile picha ya kwanza ikiwaka, akaniuliza polepole dada yake ni yupi kati ya hawa wanne. Niliwasogelea mmoja mmoja. Nilimbeba tumboni miezi tisa, nikamnyonyesha, nikamfumba macho kwa vidole hivi hivi. Nilimwambia mwanangu sijui.