Kigugumizi cha Bi Rukia

Siku hiyo ningali naiona, mwanangu, ingawa ni zamani, Uhuru haujaja. Tulikuwa arusini kwetu Bofu, wanawake watupu uani, nami msichana wa miaka kumi na saba niliyejua kuiga watu. Nikamwiga Bi Rukia, jirani yetu muuza mahamri, aliyekuwa na kigugumizi. "Ma-ma-ma-mahamri!" Wenzangu walicheka hadi wakashikana mabega. Nikazidisha. Kumbe mwenyewe kaketi kule kwa wapishi.

Asubuhi yake mama alinipeleka kwake kuomba radhi.

"Nimekusamehe," alisema, mikono ingali ndani ya unga. "Lakini yule wa jana si mimi. Keti utazame."

Nikaketi, siku hiyo na nyingi zilizofuata, nikimsaidia kusukuma. Wallahi, nilikuwa sijamwona kamwe. Neno "maji" lilimtesa, basi alisema "nipe ya mtungini". Akija mteja mwanamume, alitaja bei kwa vidole. Akisoma Kurani, maneno yalitiririka. Kutwa nzima alikuwa akikikwepa kigugumizi, nasi tulisikia zile mara chache tu alizoshindwa.

Mwaka wa Uhuru vijana wa Likoni walitunga mchezo, wakanitaka niwe mama wa mmoja wao. Baba akakataa katakata: binti yake hapandi jukwaani mbele ya wanaume. Nililia. Jioni Bi Rukia alibisha hodi. Alisimama mbele ya baba, akahangaika na neno la kwanza, jasho likimtoka, wala hakutafuta jingine.

"M-m-m-mwache mwanao acheze. Ni-nimemfunza mimi."

Baba aliinamisha kichwa. "Haya, dada. Kwa ajili yako."

Nilimpa yule mama kigugumizi cha Bi Rukia, nikamcheza akijitahidi kumwita mwanawe anayeondoka. Ukumbi ulijaa, na hakuna aliyecheka. Bi Rukia alinishika mkono nilipotoka. "Yule wa leo ndiye mimi," akasema.

Miaka ilipita, televisheni ikatufikia, nikaitwa kuigiza. Sikupewa hata mara moja kuwa bibi arusi. Nimekuwa mpishi, mkunga, mavyaa mkorofi, mama wa watu wasiohesabika. Dakika mbili hapa, tatu pale. Hata leo nikienda sokoni, mtu huniita mkunga akaniamkia kwa heshima zote. Naona fahari, sifichi.

Basi wewe unayetaka kazi hii, nisikilize. Usimchukue mtu kwa kilema chake ukakimbia nacho. Kaa naye, ujue anapigana na nini, kisha umcheze akipigana. Ukipewa dakika mbili, zitosheleze. Hakuna binadamu mdogo. Na ukimkosea mtu, nenda kwake mwenyewe, mchana, ukaketi.

Mola akupe jicho la kuona watu na ulimi wa kuwasitiri. Akuinue, na popote utakaposimama, wazazi wako wakutazame wakiwa na furaha. Amin.