Namna Ng'ombe Anavyoinuka

Habari za Jilala, mwandishi wa michezo ya upelelezi kwenye televisheni, anayezijua kuliko wote ni Bundala wa Shishiyu. Na Bundala zilimkaa kooni kama mwiba wa samaki.

Walikaa dawati moja shuleni. Bundala, mtoto wa wafugaji, alisimulia visa vya wezi wa ng'ombe. Jilala, mtoto wa karani wa ushirika Bariadi mjini, hakuwahi kushika hata mkia wa ndama, ila aliviandika. Biashara ya pamba ilipofunguliwa kwa wanunuzi binafsi, ushirika ukayumba, baba yake akakosa kazi. Jilala akaenda Dar es Salaam, akaandika matangazo ya sabuni redioni. Televisheni za watu binafsi zilipozaliwa, zikamtafuta. Kila mchezo wake ulikuwa na mali iliyoibwa, na mpelelezi anayemnasa mwizi kwa swali moja.

"Visa ni vyangu," Bundala alimwambia mkewe, Milembe. "Jina ni lake."

"Baba Sayi, kwani kalamu ulinyimwa?"

Hilo lilimchoma. Ndipo ikaja barua ya Jilala: "Nkoi wane, rafiki yangu, nataka swali moja la kumuumbua mtu anayejidai mfugaji."

Bundala akacheka peke yake, akajibu: mwulize ng'ombe huinukaje, mfugaji wa kweli atasema hutanguliza miguu ya mbele. Alijua Usukuma nzima itamcheka Jilala, maana hata mtoto wa miaka minne anajua ng'ombe hutanguliza matako.

Mchezo ulionyeshwa alasiri moja ya mnada. Baa ya Marcelo pale Bariadi, yenye dishi na jenereta, ikajaa wafugaji. Bundala ndiye aliyewaita.

Kwenye kioo, mshukiwa aliapa kwamba amekulia zizini. Mpelelezi akamwuliza ng'ombe huinukaje.

"Hutanguliza matako."

"Wewe si mfugaji. Mkamateni."

Baa nzima ikaangua kicheko. "Wamemfunga msema kweli," mzee Mayige alisema akijifuta machozi. "Huyo ng'ombe wa Dar si farasi?" Bundala alicheka kuliko wote.

Kisha majina yakaanza kupanda, Marcelo akayasoma kwa sauti. "Mwandishi, Jilala. Mshauri wa mambo ya ng'ombe, Bundala wa Shishiyu."

Kicheko kikakatika. Kikaanza upya, na sasa kilimwelekea yeye.

"Bundala," Mayige akasema taratibu, "yule dume uliyeniuzia mwaka jana, naye huinukaje?"

Wiki ya pili ikaja barua nyingine. Watu wa Dar wameupenda mchezo, Jilala aliandika, wanataka mingine kumi na miwili. "Umeliona jina lako, nkoi? Nilibishana nao siku tatu ndipo wakakubali kuliweka."

Bundala alikaa na kalamu mpaka chai ikapoa. Hatimaye akaandika kurasa nne za ukweli mtupu kuhusu ng'ombe, na uongo wake akaukiri. Halafu, chini kabisa, akauliza kwa nini jina la Jilala ndilo linalotangulia.